Gwanda la Babu Mbele ya Kamera: Namna ya Kupiga Picha Sare za Keya na za Mwaka wa Uhuru Hapa Mombasa

Sanduku lilikuwa la bati, kijani kilichopauka, na juu ya kifuniko pameandikwa namba ya jeshi kwa rangi nyeupe. Bibi mwenye nyumba, pale Kibokoni, alilifungua kwa ufunguo aliokuwa ameufunga kwenye pindo la kanga. Kwanza ilitoka harufu ya naftalini, kisha gwanda la khaki la marehemu mumewe, limekunjwa ndani ya gazeti. Nilipiga picha sita za mbele na moja ya mgongo, ya kutimiza tu, nikanywa kahawa, nikaaga. Nilikuwa nimeshavaa viatu mlangoni alipopitisha kidole begani pa lile gwanda akasema, "Hapa palikuwa na shaba, mwanangu. Aliing'oa mwenyewe, usiku ule wa bendera."

Nikamwambia nitarudi. Nikarudi baada ya wiki mbili. Kwa ukarimu wake alikuwa amelifua, akalitia wanga na kulipiga pasi, "ili litoke vizuri kwenye picha." Vumbi lililochora kivuli cha ile shaba, yaani beji ya begani yenye jina la kikosi, kwenye kitambaa, vipande vya uzi vilivyokuwa vimebaki, mikunjo ya miaka hamsini na zaidi, vyote vilikwenda na maji. Wa kulaumiwa ni mimi peke yangu. Sikumwambia asilifue, na sikujua kwamba picha niliyopaswa kuipiga ilikuwa pale begani, penye pengo.

Haya ninayoyaandika ni ya mtu mwenye simu nzuri au kamera ya kawaida, ambaye kwao, au kwa jirani, kuna sanduku la namna hiyo.

Hatua ya 1: Jua serikali ngapi zimepita kwenye bega moja

Usiende na kamera kabla hujajua unatafuta nini. King's African Rifles, ambayo wazee wetu waliifupisha wakaiita Keya, iliundwa mwaka 1902. Batalioni yake ya 3 ilitokana na East Africa Rifles, kikosi kilichoanzishwa 1895 kutokana na askari wa ile kampuni ya Waingereza, Imperial British East Africa Company, iliyokuwa na makao yake hapa Mombasa. Ukisikia mzee anasema "mimi nilikuwa three", hakusudii namba ya matatu.

Usiku wa kuamkia tarehe 12 Desemba 1963, ule wa bendera ya uhuru, batalioni za 3, 5 na 11 za Keya ziligeuka Kenya Rifles. Askari walilala Keya wakaamka Kenya Rifles, lakini hakuna fundi wa kushona magwanda ya jeshi zima kwa usiku mmoja. Gwanda lilibaki lile lile, kilichobadilika ni shaba ya begani, beji ya kofia na vifungo, tena polepole. Na kumbuka kwamba Malkia aliendelea kuwa mkuu wa nchi yetu mwaka mzima baada ya uhuru, mpaka tulipokuwa jamhuri tarehe 12 Desemba 1964. Kwa hiyo usishangae ukiambiwa kifungo chenye taji kilivaliwa mwaka 1964, wala usimsahihishe mzee wa watu.

Sisi wa pwani tulikuwa na la ziada. Ukanda wa maili kumi ulihesabiwa ni wa Sultani wa Zanzibar, na bendera yake nyekundu ilipepea juu ya Fort Jesus hadi ukanda huo ulipoingizwa katika Kenya kwa makubaliano ya Oktoba 1963. Ndiyo sababu sanduku la Mombasa laweza kukutolea nishani yenye maandishi ya Kiarabu na kifungo chenye taji la Kiingereza, vyote vimefungwa kwenye leso moja.

Halafu kuna mabaharia, ambao watu huwasahau. Royal East African Navy, iliyokuwa na makao yake hapa hapa, ilivunjwa mwaka 1962. Jeshi la Wanamaji la Kenya, lenye kambi yake Mtongwe, lilizaliwa tarehe 12 Desemba 1964. Katikati pana miaka miwili na zaidi ambayo kijana wa Likoni au Changamwe alikaa na sare yake nyeupe kabatini bila jeshi la kuivalia. Ukikutana na sare hiyo, tafuta utepe mweusi wa kofia wenye jina la meli kwa herufi za dhahabu. Moja ya meli zao iliitwa Rosalind.

Na jambo la kushika kwa adabu: tarehe 24 Januari 1964 askari wa batalioni ya 11 waliasi kule Lanet, karibu na Nakuru, na batalioni hiyo ikavunjwa. Nyumba iliyo na gwanda la kikosi hicho inaweza kuwa na simulizi zake za kufukuzwa, kufungwa, au kunyamaza tu. Usiulize kwa pupa. Kahawa ya pili ndiyo hufungua mdomo, ya kwanza ni ya salamu.

Hatua ya 2: Bisha hodi kabla ya siku ya picha

Nenda mara ya kwanza mikono mitupu, yaani bila kamera. Beba mahamri. Amkia, keti barazani, eleza wewe ni mjukuu wa nani, maana katika Mji wa Kale swali hilo litakuja hata usipolingojea. Kisha sema mambo matatu kwa lugha nyepesi: unataka kupiga picha gani, picha zitakwenda wapi, na kwamba nguo haitatoka nyumbani.

La nne ndilo nililolikosa mimi. Sema hivi: "Tafadhali bibi, msilifue, msilipige pasi, msizisugue shaba. Nataka kulikuta kama alivyoliacha yeye." Litamke kwa mwenye nyumba, kisha kwa binti yake, kisha kwa msichana anayesaidia kazi. Mtu wa pwani haoni raha mgeni akute nguo chafu, na heshima hiyo itakuponza usipoiwahi.

Idhini iandike kwenye daftari na mwenye nyumba atie sahihi au dole gumba. Kenya tuna Sheria ya Kulinda Data ya 2019, na picha ya mtu aliye hai ni data yake. Lakini hata bila sheria, muulize kila mtu mahali pake: huyu wa nyumbani, na yule mwanawe aliye Saudia ambaye ataiona picha ya babake mtandaoni na kupiga simu kwa hasira. Namba ya jeshi iliyo kwenye sanduku, mimi huifunika kwa kipande cha karatasi katika picha za kutoa nje, na naipiga wazi kwa ajili ya familia tu. Kuna mjukuu aliwahi kunikasirikia kwa namba hiyo, na alikuwa na haki.

Hatua ya 3: Vifaa, na si vingi

Kamera yoyote yenye lenzi ya milimita 50 hivi, au simu. Mguu wa kamera, hata ule wa bei nafuu. Tochi ndogo, au simu ya pili yenye tochi. Blanketi la kijivu. Karatasi mbili nyeupe ngumu na moja nyeusi. Futi ya fundi cherehani. Taulo mbili safi. Daftari na penseli. Kalamu ya wino isikaribie gwanda la mtu.

Kuhusu blanketi: wengi hutandika shuka nyeupe, halafu wanashangaa khaki imetoka kama udongo wa mfinyanzi. Kamera ikiona weupe mwingi huupunguza mwanga wa picha nzima. Kijivu hakiidanganyi.

Ukitoka kwenye gari au duka lenye kiyoyozi, acha kamera ndani ya begi nusu saa kabla ya kuifungua. Kwa unyevu wa hapa lenzi itafanya ukungu papo hapo, na ukiifuta kwa shati utaongeza mafuta juu ya ukungu. Wakati wa masika mimi huahirisha kabisa. Kitambaa kilichokaa miaka sandukuni kikitolewa siku ya mvua kinakunywa maji hewani, kisha unakirudisha na kukifungia na huo unyevu.

Hatua ya 4: Tafuta mlango, si jua

Nyumba za Mji wa Kale ni baraka kwa kazi hii. Vichochoro ni vyembamba, kuta za upande wa pili zimepakwa chokaa, na jua likigonga ukuta ule hurudi ndani likiwa limepoa. Weka blanketi sakafuni au mezani, hatua mbili kutoka mlangoni, kati ya saa tatu na saa tano asubuhi. Kwenye ghorofa za Tudor au Majengo dirisha lolote lisiloingiza jua la moja kwa moja linatosha.

Zima taa ya chumbani. Taa na mwanga wa mlango vina rangi mbili tofauti, na khaki ni rangi inayochafuka haraka: upande mmoja utakuwa manjano, wa pili buluu. Kama kuta ni za kijani au samawati, kama zilivyo nyumba nyingi hapa, ukuta utaipaka nguo rangi yake. Simamisha ile karatasi nyeupe kati ya ukuta na gwanda. Picha ya kwanza ya kila nguo iwe na karatasi nyeupe kando yake, ili baadaye kwenye kompyuta uwe na kipimo cha weupe.

Zima na feni. Najua ni Mombasa. Lakini pindo likitikisika katika picha ya robo sekunde, umepiga picha ya upepo.

Usianike gwanda juani hata kwa dakika kumi, na usitumie flashi iliyo juu ya kamera. Flashi inalala bapa juu ya kitambaa na kufuta kila kovu, na hapa tumekuja kwa ajili ya makovu.

Hatua ya 5: Mikono

Nawa, kausha. Vua pete na saa, maana pete ikinasa uzi uliooza unavuta mstari mzima. Mafuta ya nazi uliyojipaka asubuhi yatabaki kwenye kitambaa kuliko wewe utakavyobaki duniani.

Beba nguo kwa mikono miwili kutoka chini, kama unavyombeba mtoto aliyelala. Usiitundike kwenye hanga: uzito wote utaning'inia mabegani, na mabega ndiyo yanayooza kwanza kwa jasho la miaka ile. Ilaze, kisha sukumiza taulo iliyoviringishwa ndani ya kila mkono na kifuani, ili ipate umbo la mtu bila kunyooshwa.

Na usimvalishe mtu. Niliwahi kukubali kijana wa nyumbani avae gwanda la babu yake kwa picha moja tu. Alipoinua mkono kupiga saluti, tukasikia mshono wa kwapani ukiachia. Kijana akacheka, mamake hakucheka.

Ukiona unga mweupe au mweusi wa ukungu, vaa barakoa, toa nguo uani kivulini, na usiipanguse. Piga picha ya ukungu pia, kisha mweleze mwenye nyumba.

Hatua ya 6: Anza na mapengo

Hapa ndipo kwenye kazi yenyewe, na mpangilio ninaoutaka ni kinyume cha ule uliozoeleka. Mpiga picha wa kawaida huanza na mbele, vifungo vinang'aa, kila kitu kimenyooka. Wewe piga sanduku likiwa limefungwa. Kisha limefunguliwa, kabla hakijaguswa kitu. Kisha gwanda likiwa limekunjwa vile vile, na gazeti lililolifunika, ukurasa wenye tarehe uonekane. Gazeti hilo linasema lini mtu wa mwisho alilikunja.

Likifunguliwa, nenda moja kwa moja kwenye sehemu zilizong'olewa kitu: mabega, ukosi, mikono ya juu palipokuwa na tepe za koplo au sajenti, mbele ya kofia. Funga mlango ubaki upenyo, chumba kiwe gizagiza. Kamera iwe juu ya mguu wake, ikitazama begani kwa wima. Tia tochi chini kabisa, usawa wa kitambaa, umbali wa mkono mmoja, mwanga upite ukiparuza juu ya nguo kutoka ubavuni. Utaona mambo yakichomoza: matundu ya sindano yaliyopangwa kama herufi V mahali tepe ziliposhonwa, kitambaa kilichobaki na rangi yake ya asili mahali kilipofunikwa miaka, na pande zake kimepauka kwa jua la Kenya, Ethiopia na Burma.

Kwa kamera tumia ISO (wepesi wa kamera kuhisi mwanga) 100 au 200, tundu la lenzi f/8, na uache muda wa kufunga ujipange wenyewe. Weka kipima muda cha sekunde mbili ili kidole chako kisitikise. Kwa simu, shikilia kidole kwenye kioo mpaka fokasi ijifunge, punguza mwanga kidogo, na usikuze kwa vidole, sogea wewe. Ile hali ya potreti inayofifisha mandhari ya nyuma izime, kwa sababu inakula kingo za nyuzi ikidhani ni uchafu. Halafu izungushe tochi kama mshale wa saa, piga picha katika kila robo. Tundu lisiloonekana mwanga ukitoka kushoto litaonekana ukitoka juu.

Shaba za begani zilizokuwa na herufi K.A.R. hazikushonwa. Zilikuwa na vishikio nyuma vilivyopenya kwenye kitambaa na kufungwa kwa pini ndani. Kwa hiyo geuza mkanda wa bega utazame upande wa chini. Kwenye gwanda la bibi yule wa Kibokoni, baada ya kufuliwa kote kule, matundu yalikuwepo bado. Manne. Mawili yamepanuka na kuzungukwa na kijani cha kutu ya shaba kilichoshinda sabuni. Mawili mengine, upana wa kucha kutoka pale, ni madogo na makavu, kama kitu kilivaliwa siku chache tu kikavuliwa. Nilipiga picha kumi na moja za bega hilo. Shaba ya pili ilikuwa ya nini, alivaa muda gani, bibi hakumbuki. Anakumbuka kwamba alirudi nyumbani mwaka uliofuata, akafunga sanduku, akaenda bandarini kutafuta kazi.

Baada ya mapengo ndipo upige mbele, nyuma, ubavu wa kushoto, wa kulia, na ndani palipo bitana. Kila picha iwe na jozi yake: moja yenye futi ya fundi kando, moja bila. Tafuta lebo kwenye ukosi au mfuko wa ndani. Sare za Waingereza mara nyingi zina saizi, mwaka wa kutengenezwa na alama ya mshale mpana wa serikali yao. Kama lebo imekatwa, piga pale ilipokatwa.

Usisahau viraka. Kiraka cha goti la kaptula kilichoshonwa kwa uzi wa rangi nyingine ni kazi ya mke au ya fundi wa Mwembe Tayari, na mara nyingi kinaonyesha kwamba nguo iliendelea kuvaliwa shambani au gatini baada ya jeshi.

Hatua ya 7: Beji, vifungo na nishani

Chuma hung'aa, na kinachong'aa hupiga picha ya kila kitu isipokuwa chenyewe, pamoja na pua yako. Shika ile karatasi nyeusi juu ya kamera, toboa tundu la lenzi, piga kupitia humo. Mwanga utoke upande mmoja, karatasi nyeupe upande wa pili irudishe kidogo. Usisugue kwa dawa ya shaba. Kutu ya kijani inaonyesha beji ilikaa wapi, na kila msuguo unakula ncha za maandishi.

Sasa tazama taji. Taji la zama za Mfalme lina matao yaliyopanda mviringo, kama kuba la msikiti. Lile la Malkia Elizabeth, lililoanza kutumika baada ya yeye kurithi ufalme mwaka 1952, matao yake yanabonyea katikati. Beji yenye taji la Malkia haiwezi kuwa ya Vita Kuu ya Pili. Kinyume chake hakifai: taji la Mfalme laweza kuwa lilivaliwa hata 1960, maana stoo za jeshi hazitupi kitu. Beji inakwambia haikutengenezwa kabla ya lini, haikwambii ilivuliwa lini.

Geuza kifungo. Nyuma yake mara nyingi kuna jina la mtengenezaji, kama Firmin wa London au Gaunt. Piga nyuma kwa ile tochi ya ubavuni.

Tarbushi ni somo peke yake. Keya wa gwaride alivaa khaki, tarbushi ndefu na mshipi wa kitambaa kiunoni, kwa kawaida vyote viwili vyekundu. Wekundu huo unazishinda simu: zinaufanya doa moja lisilo na nyuzi. Punguza mwanga wa picha mpaka uone manyoya ya kitambaa, hata kama khaki ya kando itakuwa na giza. Utapiga khaki katika picha nyingine.

Nishani zina maandishi ukingoni, hasa za Vita Kuu ya Kwanza, na humo waweza kupata jina na namba ya mhusika. Ila kuna nishani moja ya kuuliza kwanza: Africa General Service Medal yenye bamba lililoandikwa "Kenya". Hiyo ilitolewa kwa waliotumika wakati wa Hali ya Hatari, katika vita dhidi ya Mau Mau. Uhuru ulipokuja, kuna nyumba zilizoificha nishani hiyo chini ya sanduku, na zingine haikurudi tena mezani. Mwenye nyumba akisema hiyo usiipige, usiipige. Piga utepe wenye nafasi iliyo wazi, kama ataruhusu, na uandike daftarini kwamba ipo nafasi.

Hatua ya 8: Picha ya ukutani

Karibu kila gwanda lina picha ya studio inayolingana nalo: kijana amesimama wima mbele ya pazia lililochorwa minazi, mkono mmoja juu ya kiti. Iteremshe ukutani kwa idhini. Kama kioo kimeshikana na picha kwa unyevu, usiitoe kamwe. Ipige humo humo, na ujifunike wewe na kamera kwa kitambaa cheusi ili msiakisike kwenye kioo. Buibui la zamani linafaa sana.

Geuza picha. Nyuma kuna muhuri wa studio, tarehe, na mara nyingine mstari wa Kiswahili kwa herufi za Kiarabu ambao wajukuu hawawezi kuusoma. Ukipata mzee wa kuusoma, mrekodi sauti anaposoma.

Kisha linganisha bega la kwenye picha na bega la mezani. Weka picha kando ya gwanda, piga vyote pamoja. Mapengo yakijazwa na picha, kazi imekaa. Na tafadhali, usiipake picha yako mpya rangi ya uzee kwenye programu za simu. Gwanda limezeeka lenyewe, halihitaji msaada wako.

Hatua ya 9: Nje ya nyumba

Ukitaka kujizoeza kabla ya kwenda nyumbani kwa watu, kuna sanamu za shaba za askari Waafrika wa Vita Kuu ya Kwanza barabara ya Jomo Kenyatta. Nenda alfajiri, jua likiwa chini, uone jinsi mwanga wa ubavu unavyotoa mikanda na mikunjo ya nguo iliyofinyangwa miaka ya 1920. Tazama nyuma yako, tuktuk haziheshimu sanaa.

Askari wa leo ni habari nyingine. Gwaride la sikukuu, kama Mashujaa ya 2019 iliyofanyika Mama Ngina, ni la umma, ingawa karibu na jukwaa unahitaji kitambulisho cha mwanahabari. Lakini kambi, meli za kivita, kizuizi barabarani, na kivuko cha Likoni, acha kamera begini. Kenya ina sheria ya maeneo yaliyolindwa, na hoja ya "nilikuwa napiga machweo" haijamsaidia mtu ninayemjua. Vile vile raia kuvaa sare za kijeshi bila ruhusa ni kosa; gwanda hata liwe la 1950, ukilazimika kulibeba njiani, libebe ndani ya mfuko uliofungwa. Na picha za makumbusho ya Fort Jesus kwa kazi ya kuchapisha zinahitaji kibali.

Hatua ya 10: Majina na nakala

Usiku huo huo, kabla hujalala, hamisha faili. Jina la faili liwe na mtaa, nguo, sehemu na upande: kibokoni-gwanda1-bega-kushoto-chini-03. Ukiacha yale majina ya kamera, mwaka ujao utakuwa na mabega mia tatu yasiyo na wenyewe. Nakala tatu: moja kwenye kompyuta, moja kwenye diski iliyo nyumba nyingine, moja kwa familia.

Daftarini andika aliyesema nini kwa maneno yake. "Aliing'oa mwenyewe, usiku ule wa bendera" ni bora kuliko "beji iliondolewa Desemba 1963", kwa sababu la pili ni hesabu yangu na la kwanza ni ushahidi wake. Yaandike yote mawili, mbalimbali.

Halafu chapisha. Familia haitafungua diski yako. Nilimpelekea bibi bahasha ya picha nne, na kubwa kati yao ilikuwa ya upande wa chini wa bega, matundu manne yakiwa makubwa kama macho. Alizipita zile tatu haraka. Hiyo aliishika karibu na dirisha, akaweka kucha juu ya tundu moja la kijani, kisha la pili. "Alitumia kisu cha mkate," akasema. Hilo hakuwa amelisema siku zote mbili za mwanzo. Nikatoa daftari.

Alipomaliza aliifunga picha ndani ya gazeti, akaiweka sandukuni juu ya gwanda, akapiga ufunguo. Kwa hiyo peleka na bahasha ya karatasi safi, picha isigusane na shaba, na chapisha nakala mbili: moja itakwenda sandukuni.